Mtani wa Chumba cha Pili

Huddersfield, baridi ya sitini na tatu.
Mimi nasomea kutia nguo rangi, chumba cha juu;
yeye karani wa kiwanda cha sufu, chumba cha pili,
na kati yetu ukuta mwembamba
kama visingizio vya mwenye nyumba.

Enid Oldroyd. Taipureta haikuwa yake.
Kila Ijumaa aliitorosha ofisini,
akailaza katika kigari cha mtoto, akaifunika blanketi,
akakisukuma kilimani juu ya barafu.
Bibi mmoja alichungulia, akasema:
"Kafanana na baba yake."
Usiku uleule Enid akaliandika.

Ta-ta-ta, ting. Ta-ta-ta. Kimya.
Kimya ndicho kilichoniamsha.
Kisha mlango wangu: "Bwana Semboja,
hii inachekesha?"

Kiingereza changu kilikuwa cha mitihani.
Nilisimama na blanketi begani nikiutafuta mzaha
kama mgeni anayepapasa swichi ukutani.
"Nadhani inachekesha," nikasema.
Akaikunja karatasi.
Kesho yake, ndani ya basi, mzaha ukanifikia.
Nilicheka peke yangu hadi kondakta akauliza kama naumwa.

Jioni nikamweleza.
"Kituo cha ngapi?"
Akaandika pembeni: Semboja, cha tano.
Tangu hapo alinipima kwa vituo.

Mchekeshaji mmoja wa redio, mnene, wa Blackpool,
alimnunulia mizaha, shilingi tano mmoja.
Shilingi zilimezwa na mita ya gesi.
Mzaha mzuri ulitupa joto Jumapili nzima;
mbaya, tulikunywa chai na makoti mwilini.
Jikoni, redio ikinguruma, Bi Crabtree alifuta machozi kwa aproni:
"Huyu mtu ana kipaji!"
Enid akamega biskuti.
"Ndiyo," akasema, "anacho."

Barua za London zilianza, Mpendwa Bwana Oldroyd.
Hakuwasahihisha.
"Mwache Bwana," aliniambia,
"hulipwa mapema kuliko mimi."

Usiku gesi ilipokatika nilimsimulia maziko ya babu:
mtani wetu alivyorukia kaburini kabla ya maiti,
akalala chali, mikono kifuani,
akaapa hatoki hadi alipwe jogoo wake, marehemu alimkopa.
Wafiwa wakacheka, machozi yangali mashavuni.
"Na hamkumpiga?"
"Mtani hapigwi. Analipwa."

Hakulala. Ta-ta-ta
mpaka chupa za maziwa zikagonga kizingiti.

Sitini na tano, televisheni: vipindi sita, saa ambayo
watu wazima wameshazima taa.
Katika cha nne, mpaka rangi wa Yorkshire alilala kaburini,
kofia usoni, akidai ngazi yake.
Bi Crabtree alisema haipendezi, akacheka, akasema tena haipendezi.
Jina likapita chini ya kioo, E. Oldroyd,
mbio kama panya; sikuwahi kupiga makofi.
Gazeti likaandika: kila kitu sawa,
ila lile la kaburi, nani ataliamini?
Vipindi vya saba na kuendelea havikuagizwa.

Akanigongea na noti mbili za pauni.
Nikakataa. Akatamka, silabi kwa silabi,
Kiswahili chake chote:
"Mtani. Analipwa."
Nilinunua soksi.

Siku ya kuondoka, stesheni, treni ikishavuta,
alikimbia kidogo kando ya dirisha akanitupia neno.
Sikulielewa. Nilitikisa kichwa kwa adabu.

Mwaka jana, foleni ya benki, Korogwe,
nimeshika namba yangu, nywele zote nyeupe,
neno lile likafika.
Nilicheka hadi mlinzi akaniletea kiti.
Nikatafuta kalamu, nikaanza kuhesabu vituo,
nikasita:
hesabu nimpelekee nani?